Siku Moja Maishani Mwangu: Mwalimu Katika Bunge la Kaunti

Nilifundisha shule ya msingi kwa miaka 16. Februari 2022 nilijiuzulu, kwa kuwa sheria humtaka mtumishi wa umma anayewania kiti aache kazi miezi 6 kabla ya uchaguzi, na Agosti mwaka huo wananchi wa wadi yangu, bara ya Kaunti ya Kilifi nchini Kenya, wakanichagua niwawakilishe. Wengi huamini kwamba kazi yangu ni kugawa fedha. Ninaandika habari za Jumanne moja ya Juni ili waione ilivyo.

Saa kumi na moja alfajiri niliamka na kukuta watu tayari wameketi chini ya mwembe. Mmoja alikuwa na bili ya hospitali, mwingine alitaka mchango wa mazishi, vijana watatu walitafuta kazi. Niliwasikiliza wote.

Saa moja na nusu alifika mwalimu mkuu wa shule ya jirani pamoja na wazazi wanne. Upepo ulikuwa umeezua paa la darasa la gredi ya nne. Niliwaeleza kwamba Jedwali la Nne la Katiba limeipa kaunti elimu ya chekechea na vyuo vya ufundi, ilhali shule za msingi ziko chini ya serikali ya kitaifa. Nilieleza mara ya pili, kisha ya tatu. Katika ua wa shule hiyo hiyo kuna darasa la chekechea ambalo ninaweza kulitetea bungeni hadi lijengwe, na hatua 20 kutoka hapo kuna darasa lisilo na paa ambalo bajeti yetu hairuhusiwi kuligusa. Mama mmoja alinitazama akasema, “Mwalimu, wanangu wawili umewafundisha wewe. Leo watoto wetu si wako tena?” Sikuwa na jibu la kumtosha. Tulikaa mpaka karibu saa nne, tukakubaliana kwamba ombi lipelekwe kwa kamati ya CDF, yaani mfuko wa serikali ya kitaifa wa maendeleo ya eneobunge, na kwamba barua nitaiandika mimi mwenyewe.

Kwa hiyo nilichelewa. Bunge letu lenye wadi 35 hukutana Malindi, na nilipofika kamati ilikuwa imeshaanza kupitia makadirio ya bajeti, ambayo ni lazima yapitishwe kufikia tarehe 30 Juni. Niliyasoma kwa kalamu nyekundu, mstari kwa mstari, kama nilivyosahihisha madaftari, na nilipofikia mishahara ya walimu wa chekechea niliomba nafasi ya kuzungumza. Ninajua mwalimu huyo anavyoishi mshahara unapochelewa, na sitaacha kulisema hilo maadamu nina kiti humo.

Alasiri kikao kikuu kilikawia kwa kukosa akidi, yaani thuluthi moja ya wajumbe. Kengele ililia, tukangoja. Kichwa kiliniuma na maji yangu yalikuwa yamekwisha. Baadaye tulijadili mswada mmoja, halafu hoja ya barabara, na tulipotoka jua lilikuwa limeshazama.

Nilifika nyumbani usiku, saa ngapi sikumbuki. Chakula kilikuwa kimepoa. Niliketi mezani nikaanza barua ya lile paa, na kabla sijamaliza aya ya kwanza mwalimu mkuu alipiga simu kuuliza aje kuichukua saa ngapi. Nikamwambia aje saa kumi na mbili, kabla watu hawajajaa chini ya mwembe.