Kanda ya Baharia

Mwaka 2001 nilikuwa nimemaliza kidato cha nne, matokeo si ya kusimulia, na mjomba akanichukua dukani kwake Ngamiani, Tanga, nimsaidie kurekodi kanda. Duka lenyewe chumba kimoja: deki mbili za kanda, kicheza CD kimoja, maboksi ya kanda tupu, na pazia ambalo nyuma yake mjomba alikuwa akijinyoosha mchana. Wateja walitaka taarabu, muziki wa Kongo, na bongo fleva iliyokuwa ndiyo inachangamka.

Jumatano moja akaingia baharia wa mtaa wa pili, yuko likizo. Akaweka CD mezani.

"Mdogo wangu, nirekodie yote, usiruke hata kidogo. Ijumaa naondoka."

Nikamuuliza kwa nini asiisikilize hivyo hivyo ilivyo. Akasema meli ikiyumba CD nayo inaruka, kanda hairuki.

Ilikuwa Metropolis Pt. 2: Scenes from a Memory, ya bendi ya Marekani iitwayo Dream Theater, iliyotoka Oktoba 1999. Hevi metali ya progresivu, alivyoniambia yeye. Kwangu mimi zilikuwa kelele za gitaa. Kilichonivutia kwanza ni hesabu. Nyimbo 12, dakika 77, zimegawanywa sehemu mbili kama mchezo wa jukwaani. Sehemu ya kwanza inakaribia dakika 36, ya pili 41 na ushee. Kanda ya dakika 90 ina 45 kila upande, kwa hiyo kila sehemu inapata upande wake na hakuna wimbo unaokatwa katikati. Anayerekodi kanda akikutana na albamu ya namna hiyo anamshukuru Mungu.

Kwa vifaa vyetu CD huwezi kuirekodi kwa haraka. Dakika 77 ni dakika 77, na lazima uwe karibu ugeuze kanda. Nikakaa na kijitabu chenye maneno, nikisoma kwa Kiingereza changu cha kuungaunga. Mtu anaitwa Nicholas, analazwa usingizi na mtaalamu, na humo usingizini anagundua kwamba zamani aliwahi kuishi akiwa msichana, Victoria, aliyeuawa mwaka 1928. Kuna ndugu wawili, Julian na Edward, wote wamempenda Victoria. Gazeti linasema Julian alimpiga risasi kisha akajiua, na Edward ndiye shahidi. Mjomba, aliyekuwa akinisikiliza nikimtafsiria, akasema astaghfirullah, mtu anafufuka siku moja tu, kisha akaniuliza: "Sasa huyo shahidi naye alikuwa anatafuta nini pale?" Mjomba alikuwa amemjua muuaji kabla ya Nicholas.

Upande wa pili ulipokwisha, yakatokea maajabu. Muziki umeshafifia, inasikika gari, mlango, televisheni, halafu ghafla shshshshsh. Sauti ya sindano juu ya santuri iliyokwisha, ila mimi nilidhani ni hedi, kile kichwa cha deki kinachosoma kanda, imechafuka. Nikachukua pamba na spiriti, nikasafisha, nikaanza upya.

Mara ya pili umeme ukakatika katikati ya wimbo wa tisa, The Dance of Eternity. Wimbo huo hauna mwimbaji, na mapigo yake yanabadilika zaidi ya mara mia ndani ya dakika sita. Mjomba ujanani alipiga dumbak, ngoma ndogo ya mkono, kwenye kikundi cha taarabu, na Tanga, mji wa vikundi vya taarabu vya Black Star na Lucky Star, mpiga dumbak hachezewi. Alikuwa amekaa kwenye benchi akifuatisha kwa vidole juu ya boksi la kanda. Anapata, anapotea, anapata tena, anapotea. Umeme ulipokwenda akabaki na mkono hewani.

"Hawa wanakosea makusudi," akasema. Lakini ulipowaka saa mbili usiku ndiye aliyeniambia: "Mjomba, anza tena."

Mara ya tatu sikuhitaji kijitabu. Nilikuwa nasubiri sehemu fulani zifike: kinanda cha Jordan Rudess, ambaye hiyo ndiyo ilikuwa albamu yake ya kwanza na bendi, na ule wimbo wa taratibu wa The Spirit Carries On, ambao kwa utulivu wake ungeweza kupigwa hata harusini. Kisha mwisho, na palepale, shshshsh.

"Hiyo CD ni mbovu," mjomba akakata shauri. "Futa huo uchafu." Nikarudisha kanda nyuma hadi muziki unapofifia, nikafuta kila kilichofuata. Safi kabisa.

Alhamisi baharia akaja na Walkman yake, akasogeza kanda moja kwa moja hadi mwisho. Uso ukambadilika.

"Mmemfufua mtu aliyekufa!"

Akatueleza akiwa amesimama mlangoni. Nicholas anarudi nyumbani akiamini kila kitu kimeisha, anakaa, anaweka santuri. Yule mtaalamu wa usingizi anaingia, na yeye ndiye Edward aliyezaliwa upya. Anamaliza kazi aliyoianza 1928. Kinachobaki ni santuri inayozunguka bila mtu wa kuinyanyua sindano. Sisi tulikuwa tumefuta mauaji, tukamwacha Nicholas hai na salama.

Mjomba hakuomba radhi, hakuwa na desturi hiyo. Alitoa kanda mpya boksini, akanipa, akasema kwa upole usio wake: "Na uchafu wake wote." Nilirekodi hadi saa nne usiku. Ile iliyofutwa nikabaki nayo.

Mwaka uliofuata baharia akarudi na albamu mpya ya bendi ileile, Six Degrees of Inner Turbulence, iliyotoka Januari 2002. Sikujua kwamba walikuwa wameianzia pale pale walipoishia. Nikaweka CD, nikabonyeza, na kabla ya gitaa hata moja ikaja ile shshshsh.

"Mjomba!" sauti ikatoka nyuma ya pazia. "Safisha hedi!"