Hicho Kimeshapasuka

Mfadhili ameitazama rasimu ya filamu yangu na kurudisha maoni mawili. Kwanza, ndoo ya plastiki iliyo kando ya Bibi mfinyanzi iondoke, eti inaharibu uasilia. Pili, filamu ni ndefu. Sehemu ya kukausha vyungu ikatwe.

La ndoo lilinichekesha kabla halijaniudhi. Maji ayaweke wapi? Bibi hana gurudumu. Chungu kimetulia juu ya kigae, yeye ndiye anayekizunguka, kinyumenyume, kiganja kimoja ndani na kingine nje. Kila baada ya hatua chache anachovya vidole ndooni na kuvipitisha kwenye mdomo wa chungu. Tone likiteremka na kuacha mchirizi, analifuta kwa kidole gumba bila hata kulitazama. Sasa niambieni uasilia umeharibika wapi.

Tabia ya kuifuta leo ili jana ipendeze ni ya siku nyingi. Robert Flaherty, katika filamu yake ya Wainuiti wa Kanada iliyotoka mwaka 1922, aliwataka wawinde kwa chusa ilhali bunduki walikuwa nazo. Nyumba ya theluji nayo ikaachwa wazi upande mmoja ili kamera ipate mwanga. Picha zinavutia, sikatai. Ila waliomo wamefanywa mababu zao wenyewe.

Mimi namfuata zaidi Jean Rouch, mtengenezaji filamu Mfaransa. Miaka ya 1950 alirudi Ayorou, nchini Niger, kuwaonyesha Wasorko, wavuvi wa huko, filamu aliyowapiga wakiwinda kiboko. Juu ya windo alikuwa ameweka muziki wa wawindaji. Wakamkatalia: kwa kelele hizo kiboko si atakimbia? Akauondoa.

Kwa hiyo nilibeba kompyuta nikamwekea Bibi toleo fupi, lile la kumridhisha mfadhili. Ndoo hakuigusia. Lakini alipoona chungu kinatoka mikononi mwake na papo hapo kimo motoni, alinishika mkono.

“Mjukuu wangu, hicho kimeshapasuka.”

Udongo mbichi una maji, na moto ukiyageuza kuwa mvuke, chungu hupasuka. Mtazamaji wa mbali angeona mkato wa kawaida tu. Wafinyanzi wenzake wangeona mwanamke aliyezeeka katika kazi asiyoijua, na jina linaloharibika hapo si langu.

Sehemu ya kukausha imerudi yote: vyungu vimepangwa kivulini, vinageuzwa, vinapauka polepole. (Tena ndipo Bibi anaposema sana, mikono ikiwa haina kazi. Simulizi zake nzuri karibu zote nilizinasa hapo. Sijui mfadhili alikuwa anasikiliza nini.)

Kesho namwandikia, kwa adabu, nikimweleza habari za mvuke. Akikubali, tutapata mtu wa kusafisha sauti na kusawazisha rangi. Akikataa, sauti nitaisafisha mwenyewe usiku usiku, na rangi zitabaki kama kamera ilivyoziona.