Nilichomjibu mzee chini ya msufi

Juzi mto wa Bibi umechanika. Ule mzito, ambao nimehama nao nyumba nne na kila anayenisaidia kupanga vitu huniuliza kwa nini siutupi. Binti yangu alikuwa akiurukia kitandani, mshono wa pembeni ukaachia, na chumba kizima kikajaa sufi. Ikapanda na upepo wa feni, ikamganda kwenye nywele, ikaelea ndani ya kikombe changu cha chai. Nilikuwa nimeshafungua mdomo nimfokee, harufu ikaniwahi: ile harufu kavu ya vumbi, jua na ganda la mti.

"Mama, hii pamba inatoka kwa mnyama gani?"

"Si pamba, ni sufi. Inatoka kwenye mti."

"Mti gani? Nionyeshe."

Hapo nikakwama, na nimekwama nao mpaka leo ninapoandika.

Mwaka 2016, ule mwaka wangu wa Antigua, mji wa Guatemala, nikisoma Kihispania asubuhi na kulea watoto wa watu jioni, nilijinyima wiki tatu ili nikaone Tikal, magofu ya mji wa kale wa Wamaya, wenyeji wa asili wa kule. Ilikuwa Aprili, jua kali. Nilipanda basi la usiku kutoka Jiji la Guatemala mpaka Flores, nimekunja miguu usiku kucha. Flores ni kisiwa kidogo ndani ya ziwa la Petén Itzá, kimeunganishwa na nchi kavu kwa barabara iliyojazwa kifusi ziwani, na karibu kila mlango kuna meza ya mtu anayeuza safari za Tikal. Nikazunguka kisiwa chote nikiuliza bei, nikachagua meza ya chini kuliko zote: quetzal 100, kwenda na kurudi, pamoja na mwongozaji.

"Na kiingilio?" Nilimuuliza kijana mara mbili.

"Kila kitu kimo, seño."

Kule mwanamke usiyemjua jina humwita seño, kama sisi tunavyosema dada.

Tuliondoka saa kumi na nusu alfajiri, abiria kumi na wanne kwenye kibasi kama daladala zetu za zamani, viti vya kati vya kukunja. Njia ni zaidi ya kilomita 60. Lango la hifadhi liko kilomita 17 kabla ya magofu, na hapo dereva akazima injini, akatuambia tushuke tukakate tiketi. Wageni quetzal 150. Kiingilio hakikuwamo. Mfukoni nilikuwa na quetzal 165, na hiyo ndiyo iliyokuwa chakula changu mpaka nirudi Antigua. Nililipa kwa uchungu mkubwa. Wenye nazo hawajui hasira ya mtu aliyeuliza mara mbili akadanganywa mara mbili.

Mwongozaji wetu alipandia pale langoni. Mzee mfupi, kofia ya majani, shati limepigwa pasi likanyooka. Alituambia kuwa ujana wake wote aliumaliza kwenye msitu ule, akigema miti iitwayo mizapote. Utomvu wake huchemshwa, huganda, huwa bigijii. Kabla viwanda havijageukia malighafi za kutengenezwa, jimbo zima la Petén lilikula kwa utomvu huo. Kwa hiyo tulipoanza kutembea hakuanza na wafalme. Alianza na miti. Alitusimamisha kwenye mzapote wenye makovu ya panga yaliyopandana kwa mshazari mpaka juu, akayapitisha kidole. Akachuma jani la mti mwingine, akalivunja, akatupa tunuse: karafuu na mdalasini kwa pamoja. Wenzangu wawili walikuwa wakitazama saa. "Mawe yatatusubiri," akawaambia, bila kuudhika.

Tukaendelea kidogo, njia bado ina kivuli, hatujaona hekalu hata moja.

Kwanza niliona chini. Kitu cheupe kimetanda juu ya majani makavu, kama povu lililoachwa na maji kupwa. Nikainama. Ganda la kahawia, umbo la mtumbwi, limepasuka, na ndani yake sufi imeshikana, inang'aa ukiigeuza kwenye mwanga. Nikaiminya, nikazisikia mbegu: ngumu, nyeusi, mviringo kama pilipili manga. Vidole vikaanza kuzitoa moja moja vile vile tulivyofundishwa. Usivute, utaikata nyuzi. Sukuma kwa dole gumba, mbegu iteleze yenyewe.

Ndipo nikainua kichwa. Shina la kijivu, limenyooka bila tawi mpaka nikalazimika kushika kofia isianguke. Juu kabisa matawi yametandazwa mlalo, kama mikono ya fundi anayepima kitambaa, na juu ya matawi hayo mimea mingine imeota na kuning'inia kama ndevu. Na ile mizizi yake inayosimama kama kuta, mtoto akiingia katikati humwoni. Mimi na binamu zangu tulijificha humo mpaka magharibi, Bibi akituita kwa majina yetu yote, na sisi kimya, tumebana pumzi.

"Msufi," nikasema kwa sauti.

Mzee akageuka. "Umeuitaje?"

"Msufi. Kwetu ni msufi. Bibi yangu alikuwa nao uani."

Alirudi hatua zote alizokuwa ametangulia. Akaniuliza nitokako, nikamwambia Pangani, pwani ya Tanzania, akanitaka nitaje jina tena, akalitamka: mu-su-fi. Wao kwa Kihispania wanauita ceiba, ni mti wa taifa lao tangu 1955. Wamaya wanauita ya'axche'. Akaweka kiganja kwenye shina, kama mtu anayemtambulisha mzazi wake. Mizizi, akasema, iko Xibalba, kwa waliokufa. Shina liko hapa kwetu. Matawi ndiyo yanayoishika mbingu. Mkulima wa kule akifyeka shamba la mahindi hukata kila kitu, ceiba huiacha imesimama peke yake, na ukipita barabarani utaziona hivyo, moja moja, kati ya mashamba.

"Na ninyi mnaufanyia nini?"

Kihispania changu kilikuwa cha wiki sita, nikasaidia kwa mikono. Nikamweleza mkeka uliotandikwa uani, matunda yaliyoanikwa mpaka yapasuke, fimbo nyembamba ya kupigia, chandarua kikuukuu kilichofunikwa juu ili upepo wa bahari usiichukue. Nikamwonyesha Bibi alivyojifunga leso puani. Nikamwonyesha anavyoingiza mkono kwenye mto mpaka kwenye bega, anaisukuma sufi kwenye pembe, maana mto ukikosa sufi pembeni, alikuwa akisema, anayeulalia ataota amepotea njia. Mzee alicheka kwa furaha, machozi yakamlengalenga. Mama yake pia alishindilia mito ya ceiba. Tulisimama pale watu wawili tuliotoka pande mbili za dunia, tunachambua ganda moja, na zile mbegu alizitia kiganjani mwangu akakifunga kwa vidole vyake.

Kisha akaniuliza, "Na wenu, bado umesimama?"

"Umesimama," nikasema.

Haukuwa umesimama. Mwezi mmoja kabla ya hapo baba mdogo alinipigia simu Antigua. "Mwanangu, kile kiwanja tunataka tukijenge vyumba vya kupangisha, na msufi uko katikati. Wenzako wote nimewauliza, umebaki wewe." Bibi alikuwa na mwaka mmoja kaburini. Mimi nilikuwa mlangoni, daftari mkononi, nachelewa darasa. Nikasema, "Kateni tu baba, mimi sina neno." Akanishukuru. Simu nzima haikufika dakika mbili, na sikuikumbuka tena mpaka mzee yule aliponiuliza.

Kwa nini nilimdanganya, nimejiuliza mara nyingi. Wakati mwingine naona ni aibu, kwamba nisingeweza kutamka "nimeruhusu ukatwe" mbele ya mtu aliyeweka kiganja pale. Wakati mwingine naona kuwa kwa zile dakika chache mti ulikuwa umesimama kweli, nami sikutaka kuwa wa kuuangusha mara ya pili. Sijui ipi ndiyo.

Magofu yenyewe niliyaona, na ni makubwa kuliko picha yoyote. Kwenye uwanja mkuu kuna Hekalu la Kwanza, mita 47 kwenda juu, na chini yake lilikutwa kaburi la mfalme Jasaw Chan K'awiil, aliyeushinda mji hasimu wa Calakmul mwaka 695. Kulipanda hairuhusiwi. Hata hapo mzee alitaka tutazame mbao: vizingiti vya milango ya mahekalu yale ni mzapote, mti ule ule aliokuwa akiugema, na baadhi bado vinashikilia mawe baada ya miaka zaidi ya 1,200. Vilivyonakshiwa vizuri kabisa, vya Hekalu la Nne, vilichukuliwa katika miaka ya 1870, viko makumbusho ya Basel, Uswisi. Alilisema hilo taratibu, kama mzee anayemtaja binti aliyeolewa mbali.

Hekalu la Nne tulilipanda kwa ngazi za mbao zilizojengwa pembeni. Ndilo refu kuliko yote ya Tikal, na ukifika juu umeyapita majani. Msitu hauna mwisho, vilele vya mahekalu vimetokeza kama milingoti, na kima weusi wa kule walikuwa wakinguruma chini yetu, sauti ambayo mtu wa kwetu akiisikia usiku atafunga mlango kwa simba. Ndege wanaofanana na hondohondo walipita usawa wa macho. Watu wote walinyamaza.

Mzee alikaa karibu yangu kwenye jiwe. Akaniambia nisidhani wafalme waliyaona haya. Wakati wao hapakuwa na msitu huu. Palikuwa na mji wa makumi ya maelfu ya watu, viwanja vimepakwa chokaa vikawa vyeupe, mabwawa ya kukinga mvua kwa sababu Tikal haina mto. Na chokaa ni kuni. Mimi nimezaliwa Pangani, sihitaji kuambiwa. Nimeliona tanuri la chokaa, magogo yamepangwa duara mpaka kifuani, matumbawe yamelundikwa juu, na linawaka mpaka asubuhi. Nikajaribu kupiga hesabu ya magogo ya uwanja mmoja tu, nikaacha.

"Jiwe la mwisho waliloandika tarehe hapa ni la mwaka 869," alisema. "Baada ya hapo watu wakapungua, miti ikarudi."

"Ilirudi yenyewe?"

"Nani angeipanda, seño?"

Ningeweza kumwambia wakati ule. Nilikuwa nimeligeuza mdomoni kwa Kihispania, neno kwa neno, na sentensi ilikuwa tayari na sahihi. Yeye akafungua kitambaa chake, ndani kulikuwa na tortilla nne, chapati zao za mahindi, na maharage yaliyopondwa. Sijui alijuaje kuwa sina chakula. Labda aliniona pale langoni nikihesabu sarafu. Akanipa mbili, bado zina joto la mfuko wake, zinanukia chokaa kidogo, kwa kuwa mahindi yake wanayachemsha na maji ya chokaa. Nikala, na ile sentensi ikabaki. Mpaka leo naweza kuisema yote.

Saa nane tulikuwa ndani ya kibasi. Mzee alishukia langoni, akagonga kioo cha upande wangu, akasema, "Msalimie musufi." Nikampungia mkono. Zile mbegu nilikuwa nimeshaziacha pale mtini, hifadhi hairuhusu kutoka na kitu. Flores nikalala na njaa, kesho yake basi, kesho kutwa darasani, tukasoma vitenzi vya wakati uliopita.

Nilirudi nyumbani mwaka 2017. Pangani nilikwenda mara moja, kumsalimia baba mdogo. Vyumba sita, bati jekundu, wapangaji wazuri, wanamlipa kwa wakati na anaendesha maisha yake kwa heshima, nami namfurahia. Mmoja wao alinikaribisha chai kibarazani. Nilijaribu kupima kwa macho mti ulikuwa wapi hasa. Nadhani ni pale kwenye chumba cha nne.

Kwa hiyo juzi binti yangu aliposema "nionyeshe", nikatafuta kwenye simu. Picha ya msufi wa Bibi hatuna. Nani alikuwa akipiga picha mti? Ninayo moja tu, ile aliyonipiga mzee, nimesimama katikati ya mizizi, nimekumbatia mkoba, najaribu kutabasamu. Akaitazama muda mrefu. Akaikuza kwa vidole, akaipandisha mpaka kwenye matawi.

"Huu ndio mti wa Bibi?"

"Ndiyo," nikasema.

Usiku baba yake aliporudi kazini, nilimsikia sebuleni akimsimulia: mti wa Bibi ni mkubwa kuliko ghorofa, mama alikuwa akijificha kwenye mizizi yake, na likizo ya Desemba tutakwenda Pangani kuuona. Baba yake hakusema kitu. Mimi nilikuwa chumbani na sindano, naisukuma sufi kwenye pembe za mto.

Sijamsahihisha bado.