Kikopo cha Ugoro cha Babu

Tarehe 8 Agosti 2018 nilikuwa Nzuguni, Dodoma, kwenye viwanja vya maonyesho ya wakulima ya Nanenane, nimevaa mgolole wa kukodi na fimbo mkononi, naigiza Mgogo. Kampuni moja iliyokuwa na banda pale ilinilipa shilingi 60,000 nisimame mlangoni nivute watu. Walichokitaka walikisema wazi tangu asubuhi: "Tupe yule Mgogo wako." Yaani yule mzee wa kwenye taa za barabarani na bakuli lake, anayegeuza kila r kuwa l, anayeshangaa lifti. Nikawapa. Watu walijaa hadi banda la jirani wakalalamika kwamba tumewazibia njia.

Mimi ni Mgogo kwa baba na kwa mama. Katikati ya kelele zile alipita mzee mmoja ambaye mgolole wake haukuwa wa kukodi. Akasimama dakika nzima ananitazama. Hakucheka, hakununa, akaenda zake kwenye mabanda ya ng'ombe. Vicheko vya siku ile vimenitoka kichwani, macho ya yule mzee ninayo.

Kazi ya kuiga sauti niliianzia Chuo Kikuu cha Dodoma mwaka 2011, usiku wa kuwakaribisha wa mwaka wa kwanza. Nilipanda na sauti ya Mwalimu Nyerere. Nilikuwa nimesikiliza hotuba zake mwezi mzima, nikagundua kwamba kazi haiko kooni, iko kwenye pumzi. Mwalimu anaipandisha sauti juu, nyembamba, halafu anakata, anawaacha watu wananing'inia, na mara nyingi kicheko chake mwenyewe kinalitangulia neno. Ukiiga sauti ukauacha ule ukimya, umeiga redio tu. Ukumbi ulisimama. Kuanzia usiku ule nikaitwa kwenye mahafali, kipaimara, sendofu na harusi. Lakini nchi ilikuwa tayari na Steve Nyerere, ambaye hata jina amelipata kwa sauti hiyohiyo, na nyuma yake tulipanga foleni vijana wengi. Nikaongeza watangazaji wa mpira, wachungaji, makonda, wabunge. Msimu wa Bunge la Bajeti, kuanzia Aprili hadi mwisho wa Juni, Dodoma inapojaa wageni na vyumba vya hoteli havipatikani, nilikuwa nafanya shoo mbili kwa usiku mmoja. Hela ilikuwepo. Na kila ukumbi, shoo ikiisha, alikuwepo mtu wa kuniomba Mgogo.

Usiku ule wa Nanenane tunafunga banda, simu zikaanza kuita kila upande: mchekeshaji King Majuto amefariki Muhimbili. Sisi wa kazi hii yule mzee wa Tanga alikuwa baba yetu, hata sisi ambao hatukuwahi kumshika mkono. Alikuwa na uwezo wa kusimama tu, bila neno, na watu wakaanza kucheka kabla hajafungua mdomo. Nililala nikimfikiria. Alfajiri mama akapiga. Babu, baba yake mzazi, amefariki nyumbani kwake, ng'ambo ya Bahi.

Kwenye Hiace ya Bahi redio ilikuwa inarusha vipande vya Majuto. Mama mmoja mwenye kiroba cha mchele miguuni alikuwa anacheka huku anajifuta machozi kwa kanga. Konda akaongeza sauti. Gari zima tulikuwa tunamcheka marehemu na kumlilia kwa wakati mmoja, na hakuna aliyeona ajabu. Nami nilikuwa na marehemu wangu, sijui nianzie wapi kumlilia.

Babu alifanya kazi ya kutengeneza njia ya reli ujana wake wote, ile reli ya kati ya Wajerumani inayopita pale Bahi kwenda Kigoma, kisha akarudi kwenye ng'ombe na mpunga. Hakuwa mtu wa maneno mengi. Alikuwa na kikopo cha ugoro, kopo dogo la dawa ya viatu lililosuguliwa na mfuko wa koti hadi rangi yote ikatoka likabaki linang'aa. Kabla ya kusema jambo lolote la maana alikitoa. Alikigonga mfunikoni kwa ukucha wa kidole cha shahada, mara tatu: ko, ko, ko. Akakizungusha, akakifungua, akachukua kidogo sana, akavuta pua moja, akafumba macho. Akakaa hivyo. Wajomba zangu, watu wazima wenye wake na ng'ombe wao, walikuwa wanangoja. Kuku wakipita unasikia miguu yao. Ndipo anasema, maneno manne au matano, na kesi imeisha.

Tulimzika Ijumaa. Agosti kule ni upepo na vumbi, mashamba matupu, na wimbo wa kanisa ulikuwa unachukuliwa na upepo kabla haujamaliza ubeti. Bibi hakulia. Tangu Alhamisi alikuwa amekaa kwenye mkeka chumbani, ameegemea ukuta, hali, hasemi na mtu. Wamama walishaanza kunong'onezana kwamba mwache mzee wa watu, lakini wasiwasi ulikuwa usoni mwao.

Jioni, wanaume tumekaa kwenye mabenchi, akatokea yule tunayemwita Bibi Mtani. Kwetu Wagogo utani unakwenda kwa koo, na ukoo wake ndio watani wa ukoo wa babu. Makaburini alikuwa ameshazuia jeneza mpaka alipwe. Sasa alikuja amevaa koti la babu, kofia ya babu, fimbo ya babu. Hakutusalimia. Alipita mbele yetu akielekea zizini, goti la kulia likichelewa kidogo nyuma ya la kushoto, akasimama mlangoni mwa zizi la mbuzi, akaanza kuhesabu kwa kidevu.

Kwa kidevu! Nilikuwa nimesahau kabisa kwamba babu hakuwahi kuhesabu mifugo kwa kidole.

Halafu akageuka. "Mbukwenyi!" Tukaitika wote, tumeshaanza kucheka. Akamwendea mjomba mkubwa. "Wewe. Yule mbuzi uliyesema kaliwa na fisi. Fisi huyo suruali yake ya kitambaa gani?" Watu wakaanguka kwenye mabenchi. Mjomba alijifunika uso kwa mikono miwili, mabega yanatikisika, analia kicheko. Mchungaji aligeukia upande wa mbuyu, lakini mgongo wake ulikuwa unacheka.

Nilimwangalia yule mama kwa jicho la kazi. Alikuwa anasema kwa sauti yake mwenyewe, sauti ya kike, nyembamba. Koo la babu hakuligusa. Na bado aliyesimama pale alikuwa babu, kwa goti lile na kidevu kile, na kwa namna alivyomjua kila aliyekaa pale. Mimi ningeanza na koo. Miaka saba nilikuwa naanza na koo.

Akaniona. "Mjukuu, nasikia huko mjini unalipwa kuiga watu."

"Ndiyo, bibi."

"Huyu umemwiga lini?"

Sikuwa na jibu. Nilishaiga viongozi, watangazaji na wachungaji, na nilikuwa nazunguka kumbi na Mgogo niliyemtengeneza kwa mabaki ya dhihaka za watu wengine. Mgogo aliyenipakata na kunifundisha kukamua sikuwahi kumpandisha hata mara moja, kwa sababu hakuna mteja aliyemwomba. Siku mbili kabla nilikuwa nimesimama Nzuguni na bakuli.

Bibi Mtani alivua koti, akanivika mwenyewe, akafunga kifungo cha juu. Lilikuwa linanuka moshi na ugoro. Akanielekeza mlangoni mwa nyumba, kwenye kile kigoda ambacho babu alikuwa anakaa jioni. Nikakaa. Nilikuwa napanga kichwani nianze na sentensi gani, na mkono ukaingia mfukoni wenyewe, ukakikuta kikopo.

Nikakigonga. Ko, ko, ko.

Kelele za uani zilikatika. Nikakifungua. Ugoro ulikuwa umebaki vumbi tu kwenye pembe, nikachukua kidogo, nikavuta, ukanichoma hadi utosini. Nikafumba macho. Nikakaa. Sikuwa nimetamka neno lolote, na nyuma yangu, ndani, nikasikia sauti ambayo hatukuwa tumeisikia tangu Alhamisi.

"Mume wangu, mbona umechelewa? Ng'ombe wote wamefika?"

Ndivyo alivyomuuliza babu kila jioni ya maisha yangu yote. Nikangoja. Nikamaliza pumzi ile ndefu mpaka mwisho wake, kama alivyokuwa anaimaliza yeye.

"Wamefika. Yule wa madoa ndiye kanichelewesha."

Bibi akacheka. Kilikuwa kicheko kifupi, cha puani, kisha kikavunjika katikati na kilio kikatoka. Wamama wote chumbani wakalia naye, kwa sauti, bila kujizuia, na mama yangu akatoka nje akanishika bega la koti, akalia hapohapo. Kwetu bibi humwita mjukuu wa kiume mume wake, na mimi ameniita hivyo tangu natambaa. Kwa hiyo hadi leo sijui siku ile alikuwa anamwita nani kati yetu wawili. Sikumuuliza, na sitamuuliza.

Usiku alikula uji, bakuli zima. Bibi Mtani alizungusha kofia, aliyecheka alipe, aliyelia alipe mara mbili, na alipomaliza kuhesabu akanipa noti ya 2,000. "Mtani hafanyi bure." Sijawahi kulipwa hela nzito kama ile.

Jumatatu niliwapigia watu wawili waliokuwa wameniwekea oda, nikawaambia yule Mgogo wa bakuli hayupo tena. Mmoja alielewa. Mwingine alifuta kazi na hakunipigia tena, na mwaka ule haukuwa mwepesi. Nilihangaika na sauti za harusi huku nikimfanyia babu mazoezi chumbani kwangu Chang'ombe, mbele ya kioo, miezi mingi, kwa sababu kuketi kimya mbele ya watu waliolipa kiingilio kunatisha kuliko kusahau mistari.

Mara ya kwanza kumpandisha jukwaani ilikuwa 2019, hapahapa Dodoma, ukumbi umejaa. Nilivaa koti lake. Bibi alinipa, kikopo kikiwa mfukoni. Nikakaa kwenye kigoda, maiki mbele. Ko, ko, ko. Nikafumba macho. Kiti kikalia mahali fulani. Mtu akakohoa. Nikamsikia mhudumu anaweka chupa chini taratibu, kama anaogopa kuamsha mtoto. Koo lilikuwa linaniwasha niseme kitu, chochote. Sikusema. Kutoka nyuma kabisa ya ukumbi sauti ya mwanaume, ya Kigogo hasa, ikaita kwa heshima zote:

"Mzee, tunakusikiliza."

Nikafumbua jicho moja.