Kijana halipi: nilivyoendesha kazi ya kuwatafutia vijana ajira

Anayetafuta kazi ndiye mwenye pesa kidogo kuliko wote wanaohusika na ajira, na ndiye anayetozwa zaidi. Analipia fomu, analipia usajili, analipia semina ya siku mbili yenye cheti ambacho hakuna mwajiri anayekiulizia. Nilipoanzisha biashara ya kijamii ya kuwaunganisha vijana na waajiri, sentensi ya kwanza niliyoiandika kwenye katiba yetu ilikuwa fupi: kijana halipi chochote, kabla ya kupata kazi wala baada ya kupokea mshahara. Mengine yote niliyoyafanya tangu hapo yametokana na sentensi hiyo, zikiwemo usiku nyingi za kuwaza mwisho wa mwezi tutalipana nini.

Msingi wa msimamo huo nilikuwa nao. Mkataba namba 181 wa Shirika la Kazi Duniani, wa mwaka 1997, unasema katika kifungu cha 7 kwamba wakala binafsi wa ajira asimtoze mfanyakazi ada wala gharama, iwe waziwazi au kwa njia ya kuzunguka. Nchi inaweza kuruhusu tofauti chache kwa masharti, ila kanuni ndiyo hiyo. Mara nyingi nilishauriwa nitoze japo kidogo, ati kijana athamini anachopewa. Nilikataa, na ningekataa tena leo. Kijana aliyetembea kwa miguu tangu alfajiri kuja kwenye usaili ameshaonyesha thamani anayoiweka kwenye kazi.

Basi nani alipe? Mwajiri. Naye hafungui pochi kwa huruma. Anafungua akiona unamwondolea hasara. Ikabidi nijifunze hasara zake. Nilikaa na wasimamizi wa maghala, wa majiko ya hoteli, wa karakana na wa vituo vya huduma kwa wateja, nikawauliza swali moja: mtu akiacha kazi ndani ya mwezi wa kwanza, unapoteza nini? Wengi walikuwa hawajawahi kulipigia hesabu. Tulichukua karatasi tukaandika pamoja: tangazo jipya, muda wa kusaili upya, siku za msimamizi kumwelekeza mgeni, kazi iliyoharibika, malipo ya saa za ziada kwa waliobaki. Jumla ikishaonekana, mazungumzo hubadilika. Hapo ndipo niliposema ninachotaka: nilipwe kiasi kidogo kijana akianza, kingine akifikisha miezi 3, na kilichobaki akifikisha miezi 6. Akiondoka kabla ya hapo, sikudai salio.

Mpango huo humvutia mwajiri na kumbana anayeuendesha, kwa sababu mishahara ya ofisini inadaiwa leo na mapato yanakuja nusu mwaka baadaye. Kwa pengo hilo nilifuata njia aliyoieleza Muhammad Yunus, mwanzilishi wa Grameen Bank, benki ya Bangladesh inayowakopesha maskini, aliyepata Tuzo ya Nobeli ya Amani mwaka 2006 pamoja na benki hiyo: katika biashara ya kijamii, mwekezaji anarudishiwa mtaji wake bila gawio, na faida inabaki kufanya kazi iliyokusudiwa. Niliwatafuta watu waliokuwa tayari kwa masharti hayo, nikawaandikia ratiba ya marejesho, nikaifuata. Ruzuku za wafadhili nilizipokea kwa mambo ambayo hakuna mwajiri angeyalipia, hasa kuwafikia vijana waliokwishakata tamaa ya kutafuta.

Kikwazo kilichonila muda zaidi ni kile kistari cha kwenye matangazo: uzoefu usiopungua miaka 2. Kimewekwa hata kwenye kazi ambazo mtu makini anazielewa kwa wiki moja. Nilipouliza kilitoka wapi, mara nyingi jibu lilikuwa kwamba tangazo la zamani lilinakiliwa. Nikawa naomba nafasi ya kushinda asubuhi nzima mahali pa kazi, nikiangalia mtu anafanya nini hasa. Baadaye tunakaa na msimamizi na kubadilisha sharti la uzoefu kuwa jaribio la vitendo: pokea mzigo huu, linganisha na hati, niambie kilichopungua. Vijana wasio na barua ya utambulisho kutoka kwa yeyote walilifanya jaribio vizuri, na msimamizi aliona kwa macho yake. Tangu hapo wasifu wa kijana, ambao kwa kawaida hauna cha kujazia nusu ukurasa, ukaacha kuwa mlango pekee.

Kuna jambo dogo linalowatoa vijana kazini kuliko uvivu wanaosingiziwa, nalo ni siku zilizopo kati ya kuanza kazi na mshahara wa kwanza. Mtu ambaye hakuwa na kipato jana anatakiwa leo awe na nauli ya kila siku, viatu vinavyokubalika, chakula cha mchana, na simu yenye salio. Nyumbani nako habari imeshasambaa kwamba amepata kazi, kwa hiyo mahitaji yanaanza kumfuata kabla hata hajashika senti. Wiki ya pili anaacha kuja. Kwenye daftari la mwajiri anaandikwa mtoro. Mimi niliwafuata waliokuwa wameacha, nikawasikiliza mmoja mmoja, na hadithi ikawa ileile: nauli iliisha, akaona aibu kuomba. Nikarudi kwa waajiri na ombi mahususi: mwezi wa kwanza tu, mgeni alipwe kila wiki. Wahasibu wao walilalamika, na nililielewa lalamiko lao, kwa hiyo kwa baadhi yao tulikubaliana sisi tutoe nauli ya wiki mbili kisha mwajiri aturudishie. Kijana hakukatwa. Hakuna hatua nyingine niliyoichukua iliyowabakiza watu kazini kama hiyo.

Simu ya kumjulia hali kijana mpya tunapiga Ijumaa ya wiki ya kwanza. Mapema kuliko hapo atakuambia kila kitu kiko sawa.

Wapo waajiri waliotaka vijana wa kufanya kazi bure kwa jina la mafunzo, miezi na miezi. Kwa hao nilikwenda na Pendekezo namba 208 la Shirika la Kazi Duniani, la mwaka 2023, kuhusu uanagenzi wenye ubora, yaani kujifunza ufundi ukiwa kazini: mwanagenzi awe na makubaliano ya maandishi, alipwe ipasavyo, alindwe kiafya na kiusalama. Niliwaeleza pia jinsi Ujerumani inavyofanya, ambako kijana anagawa wiki yake kati ya kampuni na chuo cha ufundi huku akilipwa na kampuni kwa miaka 2 hadi 3 na nusu, na kampuni inapata fundi inayemjua tangu alipoanza kushika zana. Baadhi walikubali posho ya haki. Wengine tuliachana nao, ingawa nafasi zao zilikuwa nyingi na wafadhili walitamani tarakimu hizo.

Kuhusu tarakimu nina msimamo mkali. Kwa vipimo vya kimataifa vya takwimu za kazi, aliyefanya kazi ya malipo japo saa 1 katika wiki ya utafiti anahesabiwa kuwa ana ajira. Kipimo hicho kina sababu zake katika kulinganisha nchi na nchi, ila mimi siwezi kumtazama mama wa kijana huyo nikamwambia mwanao ameajiriwa. Tunamhesabu kijana pale tu anapokuwa bado kazini baada ya miezi 6, ana mkataba wa maandishi, na analipwa kisichopungua kima cha chini cha kisheria. Orodha yetu imekuwa fupi kuliko za wengine, na kuna fedha tulizozikosa kwa ajili hiyo. Lipo pia swali gumu zaidi: je, nimeongeza nafasi, au nimempa huyu iliyokuwa ya mwenzake? Ndiyo maana napendelea kwenda kwa mwajiri anayepanua kazi, au ambaye nafasi zake zinakaa wazi kwa kukosa mtu, kuliko yule aliyekwishapata foleni mlangoni.

Maisha ya kazi hii yana mialiko mingi. Makongamano, mijadala, picha za pamoja. Niliamua kuhudhuria machache, kwa sababu siku moja kwenye karakana ya mwajiri hunipa nafasi za kazi na siku moja jukwaani hunipa kadi za mawasiliano. Kinachoniuma bado ni kumwambia kijana kwamba kwa sasa hakuna kitu. Nimewafundisha wenzangu tuseme hivyohivyo, siku hiyohiyo, bila "tutakupigia". Anayesubiri simu isiyokuja anapoteza wiki ambazo angezitumia kutafuta kwingine.

Sasa hivi ninashughulikia zamu za asubuhi. Wasichana wengi tunaowaandaa wana watoto wadogo, na zamu ya saa 12 alfajiri inawafungia nje kabla hawajaonyesha wanachoweza, maana hakuna pa kumwacha mtoto saa hiyo. Waajiri wawili wamekubali kufungua zamu inayoanza saa 3. Wa tatu amekataa, anasema itavuruga ratiba yake. Ninakusanya mahudhurio ya zamu hizo mbili, na yakifika miezi 3 nitarudi kwake nayo.