Kitufe Kimoja na Mchi wa Mama

Siku nne zimepita na maneno ya Mama bado hayajanitoka masikioni. Jumapili, wageni wa posa ya dada walipokwisha kuondoka, nilichukua Nintendo 3DS ya mpwa wangu, kile kifaa cha mkononi cha michezo ya video, nikaketi barazani kucheza Rhythm Heaven Megamix, mchezo wa kufuata mdundo. Humo mna michezo midogo zaidi ya 100, nami nilikuwa nimekwama kwenye ule wa mpiga karate: chungu kinarushwa, nawe unabonyeza kitufe kimoja ili ngumi itue pale pale penye mdundo. Kila mara ngumi yangu ilichelewa kidogo, kwa kiasi cha kuudhi.

Mama alikuwa akichambua mboga za osuga kando yangu, wala hakuinua uso.

“Mwanangu, unangoja kukiona hicho chungu.”

“Nisipokiona nitakipigaje, Mama?”

“Tulipokuwa tukitwanga watatu kwenye kinu kimoja, aliyengoja kuuona mchi wa mwenzake ukitoka alikuwa amekwisha kuchelewa. Wako uwe njiani tayari. Lakini wewe, tangu utotoni, hungoja kuona.”

Sentensi hiyo ya mwisho ndiyo iliyonichoma. Je, alikuwa akisema juu ya mchezo, au juu ya yule niliyemnyima jibu mpaka akaoa kwingine? Nimeirudia sentensi hiyo jikoni, nimeirudia ndani ya matatu ya Kondele, na hata kwenye kikao ambacho meneja alitutangazia kwamba tawi letu litafungwa.

Jana usiku nilifumba macho nikacheza gizani. Chungu kikirushwa hutoa mlio wake, na kutoka mlio huo hadi ngumi pana nafasi isiyoyumba ndani ya muziki. Nilipouacha mguu wangu uhesabu, ngumi zikaanza kutua, chungu baada ya chungu, nami nikacheka peke yangu kama mtoto. Tsunku, mwanamuziki wa Japani, ndiye aliyewapelekea Nintendo wazo la michezo hii, na wa kwanza ukatoka mwaka 2006. Sishangai kwamba ilianzia kwa mwanamuziki, kwa sababu haidai vidole vyepesi wala ujuzi wa miaka; inadai usikilize tu, kisha uthubutu kabla ya kuona.

Nilitaka kumweleza Mama, lakini amerejea Seme leo asubuhi na simu yake haipatikani tangu saa tano. Upepo wa ziwani umekuwa mkali tangu mchana, na ule mparachichi bado umeliegemea paa la jiko lake.