Ndege kwenye mkanda wa Ali

Jumapili usiku, Tanga. Umeme umekatika tangu magharibi, na mvua ya vuli inanukia tu, hainyeshi. Nimemaliza kusoma *The Malay Archipelago* kwa mara ya tatu, na safari hii kuna kurasa mbili zimenikaa kooni. Acha niziandike leo leo, simu ikiwa bado na chaji.

Alfred Russel Wallace, Mwingereza mchunguzi wa viumbe, alikitoa kitabu hicho mwaka 1869. Hakuwa mtoto wa tajiri. Alikusanya wadudu na ndege, wakala wake akawauza London, na hela hiyo ndiyo iliyomlisha. Alianzia Amazon. Mwaka 1852, akiwa njiani kurudi kwao, meli ikashika moto katikati ya Atlantiki, akaelea siku 10 kwenye mashua huku sehemu kubwa ya makusanyo yake imeteketea. Mtu mwingine angekata shauri la kubaki nyumbani. Mwaka 1854 yeye huyo yuko Singapore, na visiwani kule, Malaysia na Indonesia za leo, akakaa miaka 8, Borneo, Sulawesi, Maluku, mpaka New Guinea. Alirudi na viumbe 125,660 waliokaushwa na kuhifadhiwa, wakiwemo mbawakawa 83,200.

Mimi ni mtu wa pwani, kwa hiyo kilichonivuta mwanzo hakikuwa ndege, kilikuwa chombo. Desemba 1856 Wallace aliondoka Makassar, bandari ya Sulawesi, kwa prau, chombo cha matanga cha Wabugi, mabaharia wa kule, kuelekea visiwa vya Aru karibu na New Guinea. Vyombo vile vilikwenda na upepo wa magharibi mwishoni mwa mwaka, vikarudi na upepo wa mashariki katikati ya mwaka uliofuata, kama wazee wetu walivyongojea kaskazi na kusi. Alipewa kijumba cha majani juu ya sitaha, kifupi hata kusimama wima huwezi, naye anasema hajapata kukaa pazuri kama pale baharini. Sababu moja ni harufu. Hapakuwa na rangi, lami wala mafuta ya kupaka mbao. Ilikuwa ni mianzi, henzirani, kamba za nazi na majani ya kuezekea. Hapo nilikiweka kitabu chini kidogo. Babu yangu alikuwa baharia wa jahazi, Tanga na Pemba, na kikoi chake hakikuacha kunuka usumba mpaka siku tuliyomzika.

Lugha nayo. Kimalay ndicho kilichokuwa kinasikilizana bandari hadi bandari, kama Kiswahili huku kwetu. Kumjulia mtu hali ni *apa khabar*. Dunia ni *dunia*. Mswahili akiyasikia maneno haya anajiona amebisha hodi kwa binamu.

Basi nilikuwa nimeshampenda mtu huyu nilipoufikia ukurasa wa kwanza kati ya zile kurasa mbili.

Yuko Aru, mwaka 1857. Mvua imewafungia ndani siku kadhaa. Kijana wake mmoja, Baderoon, anarudi kutoka msituni na ndege mdogo mwekundu, mwekundu wa kung'aa kama nyuzi za kioo, tumbo jeupe, na mkiani nyaya mbili nyembamba zilizojikunja ncha zake zikawa vifungo viwili vya kijani. Ni mmoja wa ndege wa peponi. Wallace anamtazama mpaka furaha inageuka huzuni. Anawaza juu ya vizazi na vizazi vya viumbe hawa vilivyozaliwa na kufa kwenye misitu ile ya giza, pasipo jicho lenye akili la kuutazama uzuri wao. Kisha anaandika jambo ambalo watu wachache wa zama zake waliliona: mtu aliyestaarabika akishafika kule na kuingiza mwanga msituni, atavuruga mambo mpaka ndege haohao watoweke. Anamaliza kwamba viumbe vyote havikuumbwa kwa ajili ya binadamu.

Nusu ya maneno yale ningeyatundika ukutani. Nusu nyingine inaniuma. Pasipo jicho lenye akili? Mistari michache tu kabla au baada, Wallace mwenyewe anatuambia kwamba watu wa Aru wanamwita ndege huyo *goby-goby*. Mtu hampi jina kitu ambacho hajakitazama. Tena ni yeye anayeeleza jinsi wawindaji wa Aru wanavyowapiga ndege wakubwa wa jamii hiyo: wanajua ni mti gani madume hukutana kucheza, wanajenga kibanda cha majani kwenye matawi, wanaingia humo kabla hakujapambazuka, na mshale una kichwa butu cha mti ili ndege aanguke bila damu kuharibu manyoya. Yote hayo ni kazi ya macho. Jicho lilikuwepo, na akili ilikuwepo, miaka mingi kabla prau yake haijatia nanga.

Ukurasa wa pili ni wa Bacan, kisiwa cha Maluku, Oktoba 1858, na ndani yake yumo Ali. Huyu Ali alikuwa kijana wa Sarawak, huko Borneo. Wallace alimchukua kama mpishi na msaidizi, akamfundisha kupiga ndege na kuwachuna, na homa ilipomlaza Wallace, Ali ndiye aliyemuuguza. Siku ile Wallace anakaribia nyumbani, anamkuta Ali anarudi kuwinda, ndege wananing'inia kwenye mkanda wake. Ali ana furaha. Anamwambia: tazama, bwana, ndege wa ajabu. Anamnyooshea ndege mwenye ngao ya manyoya ya kijani kifuani, na kila begani manyoya mawili meupe, marefu, yaliyosimama kama vijiti. Hakuna mwanasayansi wa Ulaya aliyekuwa amemwona. Wallace anaandika kwamba sasa aliona *yeye* amepata tunu kubwa.

Nimeisoma sentensi hiyo labda mara ishirini. Ndege yuko mkandani mwa Ali, na aliyepata ni Wallace. Mwaka uliofuata London wakampa ndege jina la kisayansi: *Semioptera wallacii*, yaani wa Wallace.

Sisemi Wallace alikuwa mtu mbaya. Maneno ya Ali tunayajua kwa sababu yeye aliyaandika, na wasafiri wengi wa karne ile wasingejisumbua. Walipoagana Singapore mwaka 1862 alihakikisha Ali amepigwa picha, akamwachia hela, bunduki zake mbili za mitutu miwili na vifaa. Uzeeni, katika kitabu cha maisha yake, alimtaja kama mwenzi wake mwaminifu. Mwaka 1907 mwanasayansi Mmarekani, Thomas Barbour, akiwa Ternate, kisiwa cha Maluku, alisimamishwa njiani na mzee wa Kimalay aliyevaa tarabushi ya buluu iliyopauka. Mzee akajitambulisha: mimi ni Ali Wallace. Jina lile lililompata ndege, naye alikuwa amelichukua.

Huku kwetu mambo yalikuwa hayohayo, na tena mwaka huohuo. Februari 1858 Wallace anatetemeka kwa homa huko Maluku, anaandika barua kwa Darwin, juu ya jinsi viumbe vinavyobadilika vizazi hadi vizazi, itakayobadilisha elimu ya viumbe. Februari hiyohiyo msafara wa Burton na Speke, wapelelezi wa Kiingereza, unapanda kilima cha mwisho kabla ya Ziwa Tanganyika. Burton miguu haimbebi, Speke macho hayaoni vizuri. Burton anaona mstari unaometa chini na kumuuliza Sidi Mubarak Bombay ni nini kile. Bombay, Myao aliyewahi kuuzwa utumwani na kupelekwa India, anamjibu kwamba anadhani ni maji. Shuleni tulifundishwa nani aligundua ziwa. Bombay hakuwemo kwenye jibu.

Labda yote haya yananikera kwa sababu ya Amani. Nilipomaliza kidato cha sita nilipata kibarua cha miezi mitatu kule juu, Usambara Mashariki, kumbebea mizani na kumwandikia namba mtafiti mmoja kutoka nje. Lakini msitu ulikuwa wa mzee mmoja wa kijijini. Kinyonga mchana humwoni, anafanana na jani alilokalia. Usiku anapolala rangi yake inafifia, na tochi ikimpiga anawaka kama kitambaa kilichosahaulika kwenye kamba ya nguo. Mzee alinifundisha kumwona. Alinifundisha na kumchukua: usimvute, kwa sababu vidole vyake vimelibana tawi na utamvunja. Weka kidole chako mbele yake, pembeni ya tawi, ungoje. Ataachia mguu mmoja, apapase hewani, akipate kidole, kisha alete mwingine. Inachukua dakika nzima. Mzee alisimama hivyo kwenye tope, mkono umenyooka, hata mbu hampigi, mpaka dume la pembe tatu likamaliza kuhamia kiganjani mwake.

“Mwanangu, haraka ndiyo inayoua,” aliniambia.

Ripoti ilipotoka mzee alikuwa sehemu ya “wasaidizi wa kijijini”. Mimi pia, ila mimi nilibeba mizani tu.

Agosti nilipanda tena kumsalimia. Macho yana mtoto wa jicho sasa, yote mawili. Nilimkuta barazani anapukuchua mahindi, nikamwamkia, nikakaa nimsaidie. Tangu nianze kukisoma kitabu hiki nimekuwa na daftari, kwa hiyo nilimwomba anitajie ndege kwa majina ya Kisambaa, kila mmoja na sauti yake. Alinitajia 31 kabla ya adhuhuri, anawaiga kwa mluzi, na mara mbili ndege halisi alimjibu kutoka mtini. Jina lake nimeliandika kwenye jalada kwa wino, juu ya langu.

Kisha nikamsimulia habari za Ali. Alisikiliza mpaka mwisho bila kuuliza kitu, gunzi linazunguka mkononi. Nilipofika kwenye kuagana kule Singapore, akanisimamisha.

“Bunduki alimwachia kweli?”

“Mbili, mzee.”

“Basi alikuwa anamwamini,” akasema, akachukua gunzi jingine.